Maswali na Majibu: Bensen na ndege yake ya kujiundia

Katika safu iliyopita tuliitaja kampuni ya Bensen Aircraft ya Marekani, iliyouza otojairo za kujiundia, yaani vyombo vidogo vya angani vyenye mapanga yanayozunguka juu kama ya helikopta, lakini yasiyozungushwa na injini. Maswali yaliyotufikia yalikuwa mengi kuliko tulivyotarajia. Tumechagua matano.

Ikiwa injini haizungushi mapanga ya juu, yanazungushwa na nini?

Yanazungushwa na upepo. Injini huendesha propela ya nyuma tu, nayo husukuma chombo mbele. Kwa kuwa mapanga yameinamishwa nyuma kidogo, hewa hupita katikati yake ikitoka chini kwenda juu na kuyafanya yazunguke yenyewe. Mhispania Juan de la Cierva alilithibitisha jambo hilo angani mwaka 1923, kabla helikopta haijawa chombo cha kutumika. Kwa sababu hiyo otojairo haiwezi kusimama angani palepale kama helikopta, lakini injini ikizimika mapanga huendelea kuzunguka na rubani hushuka taratibu.

Bensen mwenyewe alikuwa nani?

Igor Bensen alizaliwa Urusi mwaka 1917 na kusomea uhandisi Marekani. Alipokuwa kwenye kampuni ya General Electric alijaribu chombo cha Waingereza kilichobuniwa na Raoul Hafner wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, kilichokusudiwa kumshusha askari mmoja kwa mapanga yanayozunguka badala ya mwavuli. Wazo hilo halikumtoka. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 alianzisha kampuni yake mjini Raleigh, North Carolina, akaanza na chombo kisicho na injini, kinachovutwa kwa kamba nyuma ya gari kama kishada. Toleo lenye injini, B-7M, liliruka mwishoni mwa 1955, na mwaka 1957 likafuata B-8M, ambalo ndilo lililompa umaarufu. Jina «Gyrocopter» lilikuwa alama yake ya biashara.

Mnunuzi alikuwa akipata nini hasa?

Alichagua mwenyewe kulingana na mfuko wake. Aliyekuwa na fedha kidogo alinunua michoro pekee na kujitafutia vifaa. Mwenye uwezo zaidi aliagiza vifurushi vya vipande. Fremu ilikuwa ya mabomba ya alumini yaliyofungwa kwa bolti, hivyo hapakuhitajika fundi wa kuchomelea, na usukani wa mkiani ulikuwa wa plaiwudi. Injini iliyozoeleka ilikuwa McCulloch ya nguvu farasi 72, ya mipigo miwili, iliyotengenezwa awali kwa ajili ya ndege zisizo na rubani ambazo jeshi lilizitumia kama shabaha. Kwa maoni yangu, ujanja wa Bensen ulikuwa wa kibiashara kuliko wa kihandisi: kazi ghali kuliko zote, yaani kuunganisha, aliiacha mikononi mwa mteja, ambaye aliifanya kwa furaha na bila mshahara.

Ikiwa chombo hiki hushuka taratibu, mbona kilipata sifa ya kuua?

Hili ndilo swali zito. Mapanga hufanya kazi maadamu uzito wa chombo unaning'inia chini yake. Rubani akisukuma pua chini kwa ghafla, uzito huo hupungua, hewa huacha kupita ipasavyo, na mapanga hupoteza mwendo huku propela ikiendelea kusukuma; chombo kinaweza kupinduka kuelekea mbele, na hali hiyo haina dawa. Mara nyingi ilianza kwa pua kupanda na kushuka, rubani akijitahidi kusahihisha kwa kuchelewa na kuzidisha tatizo. Isitoshe, matoleo ya mwanzo yalikuwa na fimbo ya kuongozea inayoning'inia kutoka juu, iliyoitika kinyume na fimbo ya ndege ya kawaida, kwa hiyo hata rubani mzoefu wa ndege nyingine aliweza kukosea. Bensen alisisitiza mazoezi ya kuvutwa na gari kabla ya kufunga injini, lakini mtu aliyeunda chombo kwa mikono yake, na akiwa peke yake katika kiti kimoja bila mwalimu kando, alikuwa mwepesi wa kujiona ameshahitimu.

Je, kampuni hiyo ipo hadi leo?

La. Ilisimamisha uzalishaji mwaka 1987, na Bensen alifariki mwaka 2000. Jeshi la anga la Marekani liliwahi kuupima muundo wake, kwa jina X-25, likitafuta namna ya rubani aliyeruka kutoka ndege iliyopigwa kuchagua mahali pa kutua. Mpango huo haukuingia kazini. Chama cha wapenzi wa vyombo hivi alichokianzisha Bensen mwaka 1962 kiliendelea baada ya kiwanda kufungwa, na michoro ya B-8M bado hupita mikononi mwa mafundi wa nyumbani.