Usipeleke hilo bango printa, Alexander Twilight hakuwahi kukaa Congress

Mkuu simamisha kwanza. Umeandika kwenye bango "Alexander Twilight, mbunge wa jimbo la Vermont, mtu mweusi wa kwanza kuingia Congress, 1836", halafu unatuuliza alisoma wapi, mkewe alikuwa nani, lile jengo lake la mawe alilijengaje na picha gani inafaa. Hayo yote yanasubiri. Huyo mtu hakukaa Washington, kwenye Congress ambayo ndiyo bunge la taifa la Marekani, hata siku moja! Alikaa Montpelier, makao makuu ya Vermont, kwenye bunge la jimbo.

Mimi kosa hili nimelilipia. Tulikuwa na maonyesho ya shule, nikabeba mabango manne na vipeperushi 300, jumla laki nne na nusu, na maandishi nilipewa yakiwa tayari na jamaa aliyejinadi kwamba historia ya Marekani anaijua kama njia ya kwao. Nikamwamini, nikachapa. Siku ya maonyesho mzee mmoja wa Pemba akasimama mbele ya bango, akasoma taratibu mpaka mwisho, akanigeukia, "Mwanangu, hili Baraza la Wawakilishi ni kama letu la Zanzibar pale Chukwani au ni lile kubwa lao?" Nikakosa la kusema. Watoto wa watu wamesimama pale na daftari wananakili! Usiku nikasoma hadi saa nane, asubuhi nikayashusha yote manne. Yule jamaa nilipompigia akaniambia eti "si Baraza la Wawakilishi ni Baraza la Wawakilishi tu". Mpaka leo nikikumbuka hiyo kauli damu inachemka, maana hela hakutoa yeye na aibu hakuipata yeye.

Tatizo liko kwenye Kiswahili chetu. Ukisema "mbunge wa jimbo la fulani" Mtanzania anaona Dodoma moja kwa moja, kwa sababu jimbo kwetu ni eneo la uchaguzi, wakati Vermont ni jimbo lenye serikali yake, katiba yake na bunge lake. Halafu chumba cha wawakilishi cha Vermont na kile cha Washington vyote kwa Kiswahili vinaitwa Baraza la Wawakilishi, hapo ndo watu tunazama. Na asije mtu kusema ni neno moja tu, MCA wa Kenya, yaani mjumbe wa bunge la kaunti, ukimwita mbunge hatakukatalia, ila mwite mbunge MCA uone moto wake.

Mweusi wa kwanza kuapishwa Baraza la Wawakilishi la Washington ni Joseph Rainey wa South Carolina, Desemba 1870, na mwaka huohuo mwezi wa pili Hiram Revels wa Mississippi alishaingia Seneti, chumba kingine cha Congress. Hiyo ni miaka 34 baada ya Twilight. Ukimpandisha Twilight Congress unampora Rainey nafasi yake, na Twilight mwenyewe unafuta kilichompeleka bungeni.

Maana Vermont enzi zile kila mji ulituma mjumbe mmoja, uwe mkubwa uwe mdogo, na yeye alitumwa na Brownington, kimji cha milimani huko kaskazini karibu na mpaka wa Kanada. Alikuwa mwalimu mkuu wa shule ya kaunti ya Orleans, na ni mchungaji pia. Watu wa Craftsbury, mji mwingine wa kaunti hiyohiyo, walitaka shule yao, ikimaanisha fungu la fedha za shule ya kaunti ligawanywe mara mbili. Twilight akaenda Montpelier kupigania lisigawanywe. Akashindwa, likagawanywa. Sasa niambie Congress ingekaa kujadili fungu la shule ya Brownington? Ni mwalimu aliyeenda kutetea shule yake, akakaa kipindi kimoja tu, akarudi darasani. Hiyo ndo habari ya kuweka kwenye bango, na kwangu ni nzito kuliko hiyo Congress ya kubandika.

Shule umeuliza, alimaliza Middlebury College 1823, na ndiye Mmarekani mweusi wa kwanza anayejulikana kupata digrii ya chuo Marekani nzima. Hiyo iweke bila wasiwasi.

Ila ukikuta "mbunge" au "mwakilishi" wa Marekani popote pale, kabla hujaandika uliza alikaa mji gani. Kama siyo Washington, utaje huo mji. Futa kichwa chako weka hivi: "Alexander Twilight, mjumbe wa mji wa Brownington kwenye bunge la jimbo la Vermont, Montpelier, 1836". Ukishabadilisha litupie hapa nilisome kabla hujalipa hata senti.