Maswali yenu kuhusu Jay-Z: albamu 14 kileleni, na ile iliyoishia namba 23

Niliandika hapa kwamba albamu bora kuliko zote za rapa wa Marekani Jay-Z, Reasonable Doubt, haijawahi kushika namba moja kwenye chati hata wiki moja. Meseji zimemiminika tangu siku hiyo, nyingine za kunipongeza, nyingine za kunitaka niombe radhi. Siombi radhi, ila maswali yaliyokuja ni mazuri na yanastahili majibu.

Mimi na shemeji yangu hatuelewani. Yeye anasema Jay-Z ana albamu 14 zilizoshika namba moja Marekani, mimi nimehesabu 11. Nani amekosea? (Msomaji, Tanga)

Hakuna aliyekosea. Wewe umehesabu albamu zake mwenyewe za studio, shemeji ameongeza tatu alizofanya na wenzake: Unfinished Business akiwa na R. Kelly mwaka 2004, Collision Course na bendi ya Linkin Park mwaka huohuo (ina nyimbo sita tu, lakini chati haipimi urefu), na Watch the Throne na Kanye West mwaka 2011. Billboard 200, chati kuu ya albamu za Marekani, inazihesabu zote, kwa hiyo ukisoma mahali popote rekodi yake utakuta 14.

Lakini nakuomba uitazame orodha yako ya 11 kwa makini. Vol. 2... Hard Knock Life, 1998. Vol. 3, Desemba 1999. The Dynasty, 2000. The Blueprint, 2001. The Blueprint 2, 2002. The Black Album, 2003. Kila mwaka albamu, na kila albamu kileleni, miaka sita mfululizo! Kisha akatangaza kustaafu, akarudi na Kingdom Come mwaka 2006, American Gangster 2007, The Blueprint 3 mwaka 2009, Magna Carta Holy Grail 2013 na 4:44 mwaka 2017. Alikuwa na miaka 28 alipopanda kileleni mara ya kwanza, na 47 mara ya mwisho. Muziki huu huwa unawatupa watu wakifika thelathini na kidogo. Mimi hiyo miaka 19 ndiyo inayonishangaza kuliko hesabu yenyewe.

Hiyo namba moja inapatikanaje? Nani anakaa anahesabu? (Msomaji, Nakuru)

Zamani Billboard, jarida lenye chati hiyo, walikuwa wanapiga simu madukani na kuuliza kinachouzika, na mwenye duka anajibu anavyoona yeye. Kuanzia 1991 hesabu ikatoka moja kwa moja kwenye mashine za kaunta, kila CD au kaseti inapopitishwa kwa msimbo wake wa mistari. Hapo ndipo ilipoonekana kwamba rap ilikuwa inauzwa sana kuliko wenye maduka walivyokuwa wanasema. Desemba 2014 wakaanza kuingiza na usikilizaji wa mtandaoni: nyimbo za albamu kusikilizwa mara 1,500 kukawa sawa na kununuliwa albamu moja. Mwaka 2018 wakatenganisha: mara 1,250 kwa wanaolipia huduma, mara 3,750 kwa wasiolipia.

Kubwa la kukumbuka ni kwamba chati ni mbio za wiki moja. Unashindana na waliotoa kazi wiki hiyo, basi. Albamu inaweza kuingia namba moja Jumatatu na mwezi ujao hakuna anayeikumbuka, na nyingine ikaanzia chini ikauzwa polepole miaka ishirini. Ndiyo maana swali linalofuata nimeliachia nafasi kubwa.

Unaisifu Reasonable Doubt kila siku. Kama ni nzuri hivyo, mbona ilishindwa? (Msomaji, Morogoro)

Ilitoka tarehe 25 Juni 1996 na haikuvuka namba 23. Wiki moja baadaye Nas, kijana mwenzake wa New York, akatoa It Was Written na kuingia moja kwa moja namba moja. Tofauti yao wakati huo haikuwa kipaji. Nas alikuwa na kampuni kubwa nyuma yake. Jay-Z alikuwa amezunguka kwenye kampuni hizo na kukataliwa, mpaka yeye, Damon Dash na Kareem Burke wakaanzisha lebo yao, Roc-A-Fella, na kuuza CD wenyewe kutoka kwenye buti ya gari. Walipopata wa kuwasambazia walikuwa tayari wanamiliki kitu. Kwa watu wa namna hiyo namba 23 si kushindwa hata kidogo.

Na kilichomo ndani? Jay-Z alikulia Marcy, majengo ya serikali ya watu wa kipato cha chini huko Brooklyn, na aliuza dawa za kulevya kabla ya kuuza muziki. Marapa wengi wamesimulia maisha hayo kwa kelele. Yeye aliyasimulia kwa sauti ya chini, kama mtu anayefanya mahesabu usiku wakati wengine wamelala: nimepata nini, nimempoteza nani, naogopa nini. Wimbo wa mwisho unaitwa Regrets, yaani majuto. Rapa wa miaka 26, katika albamu yake ya kwanza, anafunga kwa majuto. Na inajulikana kwamba mistari yake haandiki kwenye karatasi, anaipanga kichwani mpaka ikae sawa.

Mimi niliisikia kwenye kaseti ya kudurufu niliyonunua Kariakoo. Karatasi ya ndani ilikuwa imeandikwa kwa peni ya bluu na majina mawili ya nyimbo yamekosewa. Mkanda ulilegea baada ya wiki, nikawa naukaza kwa kuzungusha hiyohiyo peni kwenye tundu la kaseti. Kiingereza changu kilikuwa cha kubabaisha. Sikushika hata nusu ya maneno, lakini uzito wa ile sauti niliushika, na kaka yangu akawa ananifafanulia mstari mmoja kila jioni tukiwa tunasubiri chakula. Hakuna nakala yangu iliyoingia kwenye hesabu ya Billboard, wala za maelfu wengine kama mimi. Marekani kwenyewe ilichukua mpaka 2002 albamu hiyo kutambuliwa rasmi kuwa imefikisha nakala milioni moja.

Albamu yake ipi iliuza zaidi? (Msomaji, Kigoma)

Vol. 2... Hard Knock Life. Ilifikisha nakala milioni tano Marekani na kumpa tuzo ya Grammy ya albamu bora ya rap mwaka 1999, ingawa sherehe yenyewe aliisusia akilalamika kwamba wasanii wa rap hawapewi heshima yao. Iliyoibeba ni korasi ya watoto kutoka tamthilia ya muziki ya Annie, inayohusu mtoto yatima. Amesimulia mwenyewe kwamba ili wenye haki wamruhusu kuitumia aliwaandikia barua yenye chumvi, akidai kwamba alipokuwa mwanafunzi alishinda shindano la insha na kupelekwa kuiona tamthilia hiyo. Wakakubali. Sauti za watoto wanaolalamikia maisha magumu, juu ya midundo ya Brooklyn: mpaka leo ikipigwa kwenye daladala utaona watu wasiojua rap wanatikisa vichwa.

Ni kweli alitoa albamu siku ya mashambulizi ya Septemba 11? (Msomaji, Mombasa)

Kweli kabisa, na haikuwa mbinu ya mtu yeyote. Wakati ule Marekani albamu mpya zilitoka Jumanne, na tarehe 11 Septemba 2001 ilikuwa Jumanne. Hata Bob Dylan alitoa albamu siku hiyo. The Blueprint ilikuwa itoke wiki moja baadaye, ikasogezwa mbele kuwakimbia wauza nakala za magendo. Mji wake, New York, ukawa umefunikwa na moshi, na bado zaidi ya nakala 420,000 zilinunuliwa wiki hiyo.

Ni albamu yenye joto. Kanye West, ambaye wakati huo hakuwa na jina, na mtayarishaji mwenzake Just Blaze walichukua nyimbo za zamani za soul wakazikatakata kuwa biti. Mgeni aliyechana humo ni mmoja tu, Eminem. Mwaka 2019 iliingizwa kwenye hifadhi ya taifa ya rekodi katika Maktaba ya Bunge la Marekani.

Nilisikia kampuni ya simu ilimnunulia albamu milioni moja. Huo si wizi wa chati? (Msomaji, Eldoret)

Mwaka 2013 Samsung ililipa dola 5 kwa kila nakala ya Magna Carta Holy Grail, nakala milioni moja, ikazigawa bure kwa wenye simu zake kabla albamu haijafika sokoni. Dola milioni 5 mkononi kabla hajauza hata moja dukani. Billboard walikataa kuzihesabu, wakasema kitu ambacho msikilizaji amepewa bure hakijauzwa. Chama cha kampuni za rekodi, RIAA, kikafanya kinyume chake: kikabadilisha kanuni zake ili albamu itambuliwe kuwa ya milioni siku ileile iliyotoka.

Kwa hiyo si wizi, chati ilijilinda. Hata bila hizo milioni, nakala zaidi ya 500,000 ziliuzwa wiki ya kwanza na ikakaa namba moja. Hata hivyo nakubaliana na Billboard. Mtu akitoa pesa yake mfukoni kununua albamu, anakuwa ameamua. Aliyeikuta kwenye simu mpya hajaamua chochote.

Utajiri wake umetokana na muziki? Mwanangu anataka kuacha chuo awe rapa. (Mama, Dodoma)

Mama, mpe mwanao hesabu hii. Juni 2019 jarida la Forbes lilimtangaza Jay-Z bilionea wa kwanza wa hip hop na likachambua mali yake. Shampeni ya Armand de Brignac, dola milioni 310. Fedha taslimu na vitega uchumi, zikiwemo hisa za Uber, 220. Konyagi ya Kifaransa ya D'Ussé, 100. Tidal, huduma ya muziki mtandaoni, 100. Kampuni yake ya Roc Nation, 75. Michoro ya sanaa 70, nyumba 50. Na muziki wake wote, zile albamu zote tulizozitaja? Milioni 75.

Muziki ulimfungulia mlango, ukampa jina la kuweka kwenye nguo za Rocawear ambazo aliziuza mwaka 2007 kwa dola milioni 204. Ila kama angebaki na muziki peke yake asingefika popote karibu na bilioni. Simwambii mwanao aache kuchana. Namwambia amalize chuo, na ikiwezekana asome biashara, kwa sababu wanaopotea kwenye kazi hii ni wengi mno na wengi wao walikuwa na vipaji.

Drake si ameshampita? (Msomaji, Kigali)

Mwaka 2025 rapa huyo wa Kanada alimfikia kwa albamu za namba moja, 14 kwa 14. Na kabla yake Jay-Z naye aliwahi kumpita Elvis Presley: The Blueprint 3 mwaka 2009 ilikuwa ya 11, Elvis akiwa na 10, na hakuna msanii wa peke yake, asiye wa bendi, aliyekuwa amefika hapo. Walio juu ya wote ni Beatles, 19.

Lebo moja imenipa mkataba. Wananipa gari na pesa ya video, masta zote zinabaki kwao. Nisaini? (Msanii chipukizi, Arusha)

Mdogo wangu, usisaini leo. Masta ndiyo rekodi mama, na aliyeishika ndiye anayelipwa kila wimbo unapopigwa, wewe ukiwa umelala au umezeeka. Gari litachakaa ndani ya miaka mitano.

Tazama Jay-Z alivyofanya. Kampuni ya rekodi ya Def Jam walipomtaka awe rais wao mwishoni mwa 2004, sehemu ya makubaliano ilikuwa masta zake zirudi kwake baada ya muda. Alipotaka kuondoka akiwa anadaiwa albamu moja, iliripotiwa kwamba alilipa dola milioni 5 ili The Blueprint 3 iwe yake. Na Novemba 2024 theluthi ya Roc-A-Fella iliyokuwa ya Damon Dash ilipigwa mnada kwa sababu ya madeni, ikachukuliwa na Jimbo la New York kwa dola milioni 1. Mali kubwa ya kampuni hiyo ni nini? Haki za Reasonable Doubt, ile CD ya kwenye buti.

Mtafute mwanasheria anayejua hakimiliki, asome kila ukurasa. Waulize hivi: masta zitarudi kwangu baada ya miaka mingapi? Pesa ya video ni zawadi au mkopo nitakaokatwa? Wakikwambia "tutaongea baadaye", wabebe wenyewe gari lao.

Wewe unasema Reasonable Doubt ni bora. Yeye mwenyewe anasemaje? (Msomaji, Zanzibar)

Desemba 2013 alizipanga albamu zake 12 kuanzia bora hadi ya mwisho. Kingdom Come, ile ya kurudi kutoka kustaafu, iliuza nakala 680,000 wiki ya kwanza, na hakuna nyingine aliyowahi kutoa iliyofika hapo. Aliiweka namba 12. Ya tatu The Black Album, ya pili The Blueprint. Juu kabisa aliiweka Reasonable Doubt.