Bunduki ya vishale vya sponji kwa mtoto wa miaka 8: ninunue ipi?

SWALI: Mwanangu wa kiume anatimiza miaka 8 na zawadi anayoililia ni bunduki ya kuchezea inayorusha vishale vya sponji. Dukani nimekuta za kukoki kwa mkono, za betri zenye magazini (kasha la kuwekea vishale), na nyingine zinazorusha vipira vidogo. Boksi moja limeandikwa kwamba inafika mita 27. Muuzaji ananishauri ya betri kwa kuwa haimchoshi mtoto. Nyumbani kuna mdogo wake wa miaka 2, na hofu yangu kubwa ni macho. Ninunue ipi, na nikague nini kabla ya kulipa?

JIBU: Ndugu mzazi, nunua ya springi, ya kukoki kwa mkono, yenye silinda ya vishale 5 au 6 vinavyochomekwa kwa mbele. Siku hiyohiyo nunua miwani ya kinga kwa kila atakayecheza. Ya betri ingoje mwaka mmoja au miwili. Ya vipira iache kabisa kwa sasa: aina hiyo, kwa mfano Rival ya chapa ya Nerf, hurusha kwa kasi inayofika mita 30 kwa sekunde, na boksi lake huandikwa miaka 14 na kuendelea.

Kigezo cha kwanza ni mkono wa mtoto. Katika bunduki ya springi, ukivuta sehemu ya kukoki, pistoni inarudi nyuma na springi inabanwa. Ukifyatua, springi inaisukuma pistoni mbele, nayo inasukuma hewa iliyo nyuma ya kishale. Nguvu yote ya kishale imetoka kwenye mkono uliovuta, kwa hiyo springi ngumu inamshinda mtoto. Naye akishindwa haachi. Anaegemeza mtutu tumboni au chini ya kidevu ili apate pa kukazia, anavuta kwa nguvu zake zote, na kidole kinateleza kwenye kifyatulio. Hivyo ndivyo mtoto anavyojipiga mwenyewe usoni.

Mwombe muuzaji aitoe kwenye boksi, mtoto aikoki na kuifyatua bila kishale mara 10 mfululizo huku mtutu ukielekea sakafuni. Tazama mara tatu za mwisho. Akianza kujipinda au kuigeuzia bunduki kwake, hiyo ni ngumu mno kwake, hata kama umri ulioandikwa unamruhusu. Zenye mshiko wa kusukuma na kuvuta chini ya mtutu huwa rahisi kuliko zenye kipande cha juu cha kubana kwa ncha za vidole, kwa sababu mikono yote miwili inafanya kazi. Kama anatumia mkono wa kushoto, hakikisha sehemu ya kukoki haiko upande mmoja tu. Mara kumi hizo bila kishale haziiharibu, ila isiwe mazoea, kwani kishale kikiwepo hewa hubanwa mbele ya pistoni na kupunguza kishindo chake.

Muuzaji yuko sahihi kwamba ya betri haichoshi mkono. Asichokueleza ni kwamba inataka vidole viwili vyenye subira. Ndani yake kuna magurudumu mawili yanayozungushwa na mota, na kishale kikipita katikati yake hurushwa. Mtoto anatakiwa abonyeze kitufe cha mota, asubiri magurudumu yashike kasi, kisha ndipo avute kifyatulio. Wa miaka 8 huvuta vyote kwa pamoja. Magurudumu yanakikamata kishale kabla hayajashika kasi, kishale kinakwama, mota inaendelea kuunguruma na kupata joto, na sponji inatafunwa. Ongeza uzito wa betri 4 hadi 6 pamoja na magazini iliyojaa. Silinda inayojazwa kwa mbele ina faida nyingine: vishale vinaonekana. Wewe na yeye mnajua kwa jicho kama imejazwa au la.

Sasa kishale chenyewe, ambacho wazazi wengi hawakiangalii kabisa. Kile cha kawaida, cha aina ya Elite ya Nerf, kina urefu wa takriban sentimita 7.2, upana wa kama milimita 13 na uzito wa gramu 1 hivi. Bunduki inayotumia saizi hii ndiyo ya kununua, kwa sababu vishale vya akiba hupatikana kwa urahisi na kampuni nyingi hutengeneza vinavyolingana. Aina nyingine haziingiliani nayo: Mega ni vinene zaidi, Ultra vina umbo lao, na vile vifupi vya nusu urefu havifanyi kazi ipasavyo kwenye bunduki ya vishale virefu. Vichache vya akiba ni lazima, maana vinapotea chini ya makochi na kwenye mapaa. Anza na 30.

Vishale vya bei nafuu si vibaya vyote, ila vikague kimoja kimoja. Bonyeza kichwa kwa kidole gumba: kinatakiwa kibonyee kirahisi, kwa kuwa kichwa cha mpira kwa kawaida kina uwazi ndani wa kupokea pigo. Kikiwa kigumu kama kifutio, kirudishe. Kisha kishike kichwa, kizungushe na kukivuta. Gundi ikiachia, umepata kipande kidogo cha mpira kinachoweza kumkaba yule wa miaka 2. Epuka pia vyenye kikombe cha kunata kwenye ncha. Kwenye kioo vinafurahisha, lakini mtoto huvilamba ili vinate, na hapo vimeshafika mdomoni. Mwaka 2010 nchini Marekani seti zipatazo milioni 1.8 za bunduki za vishale laini vya plastiki ziliondolewa sokoni baada ya vifo vya watoto waliokabwa na vishale walivyovitia mdomoni. Hawakuwa wachanga, walikuwa na umri wa kwenda shule. Kwa hiyo sheria ya kutokushika kishale kwa meno wakati wa kujaza inamhusu mkubwa kama inavyomhusu mdogo.

Kuhusu zile mita 27, umbali wa namna hiyo hupatikana mtutu ukiwa umeinuliwa juu. Mtoto akifyatua sambamba na ardhi kutoka kimo cha mita 1, kishale kitagusa chini baada ya sekunde 0.45 hivi. Kwa kasi ya kawaida ya mita 21 kwa sekunde, hakiwezi kuvuka mita 9 na nusu, na upinzani wa hewa unakipunguzia zaidi. Usilipe pesa ya ziada kwa ajili ya namba hiyo.

Kasi hiyohiyo ndiyo inayohusu macho. Gramu 1 kwa mita 21 kwa sekunde ni nishati ya takriban jouli 0.22. Ikisambaa kwenye ncha pana na laini ya milimita 13, ngozi inahisi kubanwa tu. Viwango vya usalama vya vichezeo vya Ulaya, EN 71, na vya Marekani, ASTM F963, huweka kikomo kwa kugawanya nishati kwa eneo linalogusa, na ndiyo maana kichwa kigumu au chembamba ni hatari hata kasi isipobadilika. Tafuta alama ya mojawapo ya viwango hivyo kwenye boksi. Na mtu asikushawishi kubadilisha springi kwa ngumu zaidi: kasi ikipanda mpaka mita 40 kwa sekunde, nishati inafika jouli 0.8, karibu mara nne.

Hofu yako ina msingi. Mwaka 2017 madaktari wa Moorfields, hospitali ya macho ya London, walichapisha taarifa ya wagonjwa watatu, mmoja wao mtoto wa miaka 11, waliovuja damu ndani ya jicho baada ya kupigwa na vishale vya sponji. Jicho halina kiwango salama cha kupigwa kwa karibu. Miwani ya kinga iwe na alama ya EN 166 (kiwango cha Ulaya) pamoja na herufi F, au Z87.1 (cha Marekani). Herufi F maana yake imestahimili kipira cha chuma cha milimita 6 kilichorushwa kwa mita 45 kwa sekunde. Miwani ya jua na ya kusomea haihesabiki. Chagua saizi ya mtoto yenye mkanda nyuma, maana ya mtu mzima huteleza puani na kuacha uwazi juu. Mtu asilenge sehemu iliyo juu zaidi ya kifua, wala asimfyatulie aliye karibu kuliko hatua nne za mtu mzima.

Akipigwa jichoni, asilisugue wala kulikandamiza. Akae wima, kichwa kikiwa juu. Maumivu yasiyoisha, kuona ukungu, au damu inayoonekana mbele ya sehemu yenye rangi ya jicho, ni hospitali siku hiyohiyo. Usimpe aspirini wala ibuprofeni njiani, zinaweza kuongeza uvujaji.

Kwa ajili ya mdogo, utaratibu ni mmoja: hesabu vishale kabla ya mchezo na baada yake, na vyote vikae kwenye chombo chenye kifuniko, mahali pa juu. Kilichong'atwa, kuchanika au kupoteza kichwa kinatupwa, hakiunganishwi kwa gundi.

Bunduki ikikwama, karibu kila mara ni kishale kilichopinda au kukoki nusu. Elekeza mtutu chini, toa vishale vingine, fungua kidirisha cha juu kama kipo, na kivute kilichokwama kwa vidole. Kama ilikokiwa nusu, vuta mpaka mwisho usikie mlio wa kujifunga, kisha ufyatue. Kusukuma kijiti kupitia mdomo wa mtutu huvunja kizuizi kilichowekwa ili vitu vingine, kama penseli, visirushwe. Ikianza kurusha karibu, mara nyingi ringi ya mpira kwenye pistoni imekauka. Grisi ya silikoni kidogo tu inaitosha. Mafuta ya mashine hufanya baadhi ya mpira na plastiki kuvimba au kupasuka.

Vishale vilivyolowa vikaushe kivulini kabla ya kuvitumia, na bunduki ihifadhiwe ikiwa haijakokiwa, kwa sababu springi iliyobanwa wiki nzima huweza kupoteza nguvu. Siku utakapofikia kununua ya betri, usichanganye betri mpya na zilizotumika, toa zote inapokaa bila kutumika, wala usiweke zile za lithiamu za volti 3.7 zenye umbo linalofanana na AA. AA ya kawaida ni volti 1.5, na mota za bunduki hazikutengenezwa kwa betri za volti zaidi ya hizo.