Gauni la Uhura Sikuliagiza, Nililishona

Juzi msomaji mmoja kaniandikia: "Dada, lile gauni jekundu la Uhura uliliagiza wapi?" Uhura ni afisa wa mawasiliano wa chombo cha angani katika Star Trek, tamthilia ya runinga ya Kimarekani, na gauni lake nililivaa kwenye mashindano ya kuvaa kama wahusika. Nilicheka, nikaudhika kidogo, kisha nikavimba kichwa. Mtu akidhani limetoka dukani, basi mshono wangu umenyooka! Sikuagiza popote. Nililishona kwa mikono hii, na kwa kuwa najua nawe una mhusika wako anayekunyima usingizi, nakupa niliyojifunza.

Tazama kwanza, kitambaa baadaye. Nilirudia Star Trek ile ya 1966 hadi 1969, nikisimamisha picha kila Nichelle Nichols, aliyemwigiza Uhura, alipogeuka kitini. Utepe wa dhahabu kwenye mkono wa gauni ni mmoja tu, maana Uhura ni luteni. Wengi hutia miwili ili wang'ae. Hapo umeshampa cheo cha Spock, msaidizi wa nahodha, na mashabiki hawasamehe.

Rangi nayo ina ujanja. Shati la nahodha Kirk tunalolijua kuwa la dhahabu lilikuwa la kijani. Taa na filamu ndizo zilizolibadilisha. Kwa hiyo kipige picha kipande cha kitambaa chini ya taa kabla hujanunua chote.

Mimi nilichagua velua, kama walivyovaa misimu ya mwanzo. Pitisha kiganja juu yake: upande mmoja manyoya yanalala na kung'aa, ukirudi kinyume yanasimama na rangi inaiva. Vipande vyote vikatwe vikielekea upande mmoja, la sivyo kifua kitakuwa chekundu hivi na mgongo chekundu vile. Kifue kwanza, maana hata nguo za studio zilikuwa zikirudi na kubana kila zikisafishwa. Na kwenye cherehani weka sindano ya vitambaa vya kuvutika, yenye ncha butu. Kushona kwenyewe sina la kusimulia, ni kukaa tu.

Kile kifaa cha sikioni anachosikilizia ujumbe nilikitengeneza kwa kifuniko cha kalamu ya chuma na waya uliokunjwa nyuma ya sikio. Nakipenda kuliko gauni lenyewe. Lakini siku ya mashindano jaji mmoja alinipita kama ukuta, akaenda kuganda mbele ya mtu mwenye bunduki ya kuwaka taa. Hakugusa hata pindo langu. Bado inaniuma, sifichi.

Ndiyo maana nawaambia, hasa ninyi wadogo zangu: acheni kushonea majaji! Taa zinanunuliwa. Jicho la kuona utepe mmoja halinunuliwi, na anayempenda mhusika atakuona hata ukiwa nyuma ya ukumbi. Tazameni tena, shoneni tena, tazameni tena.

Halafu kabla ya kupiga pindo, keti. Inua mkono hadi sikioni, geuka kama unayepokea ujumbe kutoka sayari ya mbali. Gauni hili ni fupi na Uhura muda mwingi amekaa. Likipanda mno, teremsha pindo wakati kitambaa bado kipo.