Selimundu na baridi ya Makete
Pole, dada. Umeuliza kwa nini mwanao mwenye selimundu (ugonjwa wa kurithi ambao chembe nyekundu za damu hupinda kama mundu) anaumwa sana mifupa tangu mhamie Makete, huko Njombe kwenye baridi. Baridi ya Juni na Julai hubana mishipa midogo ya damu, na chembe zilizopinda hukwama humo. Tena kwenye baridi watoto husahau kunywa maji, na upungufu wa maji huzidisha kukwama huko. Mpe ya uvuguvugu mara kwa mara, hata shuleni. Akishaoga, mkaushe na umvalishe soksi papo hapo. Maumivu yakianza, mkande kwa kitambaa chenye joto, kamwe si barafu. Foliki asidi (vitamini ya kusaidia mwili kutengeneza damu) aendelee nayo, ila vidonge vya madini ya chuma (watu huvipenda mno!) asipewe bila kupimwa damu kwanza. Homa ikifika nyuzi 38.5, au wengu ukivimba ghafla chini ya mbavu za kushoto, mpeleke hospitali usiku huohuo.