Maswali na majibu: Satoru Iwata na studio iliyokuwa na deni la yeni bilioni 1.5

Safari hii maswali yenu mengi yanamhusu Satoru Iwata, Mjapani aliyeongoza studio ya gemu ya HAL Laboratory, kisha kampuni nzima ya gemu ya Nintendo, hadi alipofariki tarehe 11 Julai 2015 akiwa na miaka 55. Tumechagua yale yatakayomfaa hata anayetengeneza gemu yake ya kwanza.

Ni kweli alianza na kikokotoo tu?

Kweli kabisa. Iwata alizaliwa Sapporo mwaka 1959, na akiwa sekondari alikuwa na kikokotoo cha HP-65. Kikokotoo hicho hukubali kuandikiwa programu, lakini mwisho wake ni hatua 100, na kioo chake hakionyeshi picha, ni tarakimu tu. Humo ndimo alimotengenezea gemu za kuchezea darasani. Baadaye alisoma Tokyo Institute of Technology huku akifanya kibarua HAL, studio iliyoanzishwa mwaka 1980, na mwaka 1982 akaajiriwa rasmi. Golf na Balloon Fight za Famicom, mashine ya gemu ya Nintendo, ni programu alizoziandika mwenyewe.

HAL ilikaribia kufilisika. Deni alilipaje?

Mwaka 1992 studio ilikuwa imebeba deni la takriban yeni bilioni 1.5. Hiroshi Yamauchi, rais wa Nintendo wakati huo, alikubali kuisaidia kwa sharti moja: Iwata awe rais wa HAL. Alikikalia kiti hicho mwaka 1993, akiwa na miaka 33, na deni likaisha baada ya miaka sita hivi. Gawanyeni wenyewe: ni wastani wa yeni milioni 250 kila mwaka, na mishahara bado inalipwa.

Jambo la kwanza alilofanya ni kuzungumza na wafanyakazi wote, mmoja mmoja, faraghani. Walikuwa kati ya 80 na 90. Mazungumzo mafupi yalichukua kama dakika 20, marefu yalifika saa tatu, na aliyarudia mara mbili kila mwaka. Kwa mkuu wa studio hii si adabu tu. Orodha ya kazi haitakuambia kwamba mchoraji fulani amekaa wiki mbili akisubiri programu ya kuingizia picha zake. Atakuambia mchoraji mwenyewe, ukimpa nafasi na asiwe na hofu.

Jambo la pili ni kutotoa gemu kabla haijaiva. Mfano ni gemu ya Kirby, kabla hata hajawa rais. Gemu ile ilikuwa itoke kwa jina la Twinkle Popo, na maduka yalikuwa yameshaagiza nakala 26,000. Shigeru Miyamoto, mbunifu wa gemu wa Nintendo, aliona ni hasara kuitoa ilivyo wakati marekebisho kidogo yangeifanya iwe nzuri sana. Maagizo yakafutwa, gemu ikarekebishwa, ikatoka Aprili 1992 chini ya Nintendo ikiwa na jina jipya, na ikauza zaidi ya nakala milioni 5. Kwa studio yenye deni, kufuta maagizo 26,000 kunahitaji moyo.

Sisi tuko wanne. Mwaka umekwisha na gemu yetu haichezeki. Tuanze upya?

Gemu ya Mother 2 ilikuwa imekwama hivyo hivyo baada ya miaka minne hivi ya kazi. Iwata alipoitwa aliweka njia mbili mezani: kurekebisha kilichopo kungechukua miaka miwili, kuandika programu upya chini ya uongozi wake kungechukua nusu mwaka. Wakachagua kuanza upya. Nusu mwaka baadaye gemu ilichezeka, wakaendelea kuisafisha, na ikatoka tarehe 27 Agosti 1994.

Angalieni alichoandika upya: programu. Michoro, muziki na maandishi viliendelea kutumika. Tena alianza na zana ambazo wenzake wote wangeweza kuzitumia, ili kila mtu aweke kazi yake ndani bila kumsubiri yeye.

Basi kabla hamjaamua, pimeni. Badilisheni sentensi moja anayosema mhusika, kisha hesabuni dakika hadi muione kwenye kioo. Ikiwa lazima mwandika programu aguse msimbo kwa kila sentensi, kazi imekwama hapo, na mkianza upya bila zana mtakwama palepale. Kosa tunaloliona mara nyingi ni kikundi kutupa kila kitu, hata picha nzuri, kwa sababu watu wameichoka gemu.

Kuhusu Pokémon Gold na Silver: alifanya nini hasa?

Alitengeneza zana ya kufinya picha, yaani kuzifanya zichukue nafasi ndogo, ilhali yeye ni rais wa HAL na gemu ni ya studio nyingine, Game Freak. Umuhimu wake unaonekana kwenye hesabu. Picha ya Game Boy, mashine ya mkononi ya Nintendo, hujengwa kwa vigae vya pikseli (nukta) 8 kwa 8. Pikseli moja huchukua biti 2, na baiti moja ni biti 8, hivyo kigae ni baiti 16. Kiumbe mkubwa kabisa akitazama mbele ni vigae 7 kwa 7, yaani 49: baiti 784. Akionekana kwa mgongo ni vigae 6 kwa 6: baiti 576. Jumla 1,360. Kama viumbe wote 251 wa gemu hiyo wangekuwa na ukubwa huo, ingekuwa karibu baiti 341,000, theluthi moja ya katriji ya megabaiti moja, na hapo bado ramani, muziki na maneno.

Kufinya hutegemea marudio. Nafasi tupu inayomzunguka kiumbe haiandikwi baiti kwa baiti; unaandika "sifuri, mara 40" na kuendelea. Umbo lililokwisha kutokea halirudiwi, unaelekeza tu lilipo. Ila ukifinya kwa njia ngumu mno, kichakataji kidogo cha Game Boy kitachelewa kulifumua, na mchezaji atangojea picha pambano linapoanza.

Husemwa sana kwamba zana hiyo ndiyo iliyoingiza eneo zima la Kanto, lile la gemu za kwanza za Pokémon, kwenye katriji. Walichosimulia waliokuwepo ni zana ya picha. Msiongeze zaidi ya hapo.

Alijikata mshahara kweli?

Mara mbili, nusu kila mara, akiwa rais wa Nintendo. Mwaka 2011 mashine ya 3DS ilishushwa bei kutoka yeni 25,000 hadi 15,000 ndani ya miezi sita, na mwaka 2014 mashine ya Wii U haikuuzika. Wanahisa walipouliza kuhusu kupunguza wafanyakazi, alijibu kwamba mtu anayehofia kufukuzwa hawezi kutengeneza gemu nzuri. Tunakubaliana naye moja kwa moja.

Aliacha lini kuandika programu?

Mwaka 2001. Alikuwa ameshahamia Nintendo kama mkuu wa mipango, lakini Super Smash Bros. Melee ilikuwa na makosa mengi na tarehe ya kutoka imekaribia. Akarudi HAL, Yamanashi, akakaa takriban wiki tatu akisoma msimbo na kurekebisha makosa pamoja na vijana wa pale. Gemu ikawahi, ikatoka tarehe 21 Novemba. Mei iliyofuata akawa rais wa Nintendo, wa kwanza asiye wa familia ya Yamauchi.