Muulize Mwalimu: Aruba ni nchi au ni koloni?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Aruba, kile kisiwa cha Karibi, ina bendera yake na sarafu yake, na kwenye Olimpiki wanamichezo wake huingia uwanjani kivyao. Lakini pasipoti zao ni za Uholanzi na mfalme wao yuko huko. Hii ni nchi au ni koloni? Na kama walipigania kujitenga, mbona uhuru hawakuuchukua?
Msomaji wa kila toleo

JIBU: Marahaba, mwanangu. Swali lako la pili ndilo tamu, nianze nalo.

Wengi wakisikia Aruba ilijitenga hudhani ilimkimbia Mholanzi. Wapi! Ilimkimbia jirani yake, Curaçao. Mkataba wa Ufalme wa Uholanzi wa mwaka 1954 uliviweka visiwa sita katika fungu moja, Antili za Uholanzi, na makao makuu yakawa Willemstad, Curaçao. Bunge lilikuwa na viti 22: Curaçao 12, Aruba 8, Bonaire kimoja, na visiwa vitatu vya kaskazini kimoja kwa pamoja. Piga hesabu mwenyewe. Hata wengine wote wakiungana, Curaçao ikikaza hawafui dafu. Na Aruba haikuwa ombaomba: San Nicolas kulikuwa na Lago, kiwanda kikubwa cha kusafisha mafuta, na wenyeji hawakupenda kuona fedha zao zikipangiwa matumizi ng'ambo.

Manung'uniko hayo yalianza tangu miaka ya 1940, wakati familia ya Eman ilipobeba ombi la kujitenga. Aliyeyatoa mezani na kuyapeleka mtaani ni Betico Croes, aliyeanzisha chama cha MEP mwaka 1971. Alikuwa mwalimu, kwa hiyo nisamehe nikimpendelea. Machi 18, 1976 Aruba ikapata bendera na wimbo wake, na mwaka uliofuata, kwenye kura ya maoni, zaidi ya asilimia 80 ya waliopiga kura wakataka kutoka.

Mwaka 1983 The Hague, yaani serikali ya Uholanzi, ikakubali, kwa sharti: Aruba itajitawala kuanzia Januari 1, 1986, hadhi waliyoiita Status Aparte, kisha mwaka 1996 ichukue uhuru kamili. Kwangu mimi hiyo ilikuwa bei, wala si zawadi. Suriname ilishapata uhuru mwaka 1975, Uholanzi ilitamani kumalizana na Karibi, na haikutaka visiwa vingine vione kwamba kutoka ni rahisi.

Halafu ukaja mwaka 1985. Machi, Lago ikafungwa. Novemba, baada ya uchaguzi, chama cha Croes kikapoteza madaraka. Desemba 31, saa chache kabla ya siku aliyoihangaikia maisha yake yote, akapata ajali ya gari. Hakuzinduka tena, alifariki Novemba 1986. Waziri Mkuu wa kwanza akawa mpinzani wake, Henny Eman.

Sasa niambie, kiwanda kimefungwa, nani ana haraka ya uhuru? Aruba ikageukia hoteli na watalii, na ikaomba ile tarehe ya 1996 iondolewe. Uholanzi nayo ilikuwa imelegeza msimamo, na katika miaka ya 1990 tarehe ikafutwa kabisa.

Tukirudi kwenye swali la kwanza: kisheria, Aruba ni nchi ndani ya Ufalme. Ina bunge la viti 21, kodi zake, polisi wake, na florini yake iliyofungwa kwenye dola. Ulinzi, mambo ya nje na uraia ni vya Ufalme. Shida iko kwenye Baraza la Mawaziri la Ufalme: wamo mawaziri wote wa Uholanzi, na mwakilishi mmoja mmoja tu wa Aruba, Curaçao na Sint Maarten. Mwaka 2014 baraza hilo lilimwagiza gavana, mwakilishi wa mfalme kisiwani, asisaini bajeti ya Aruba hadi ichunguzwe. Waziri Mkuu Mike Eman akagoma kula kwa siku kadhaa. Kwa hiyo koloni sitaiita, lakini kujitawala kwenyewe kuna mkono wa mwenzio mfukoni mwako.

Na kwa kuwa umegusia pasipoti, nikuongezee hili. Mkazi wa Oranjestad, mji mkuu wa Aruba, ambaye hajawahi kuishi Uholanzi, kwa kawaida hapigi kura ya kuchagua wabunge wa The Hague. Aruba yenyewe haimo katika Umoja wa Ulaya. Lakini baada ya Waaruba wawili kushinda kesi kwenye Mahakama ya Ulaya mwaka 2006, mkazi huyo huyo anawachagua wabunge wa Ulaya.